Nyota Iliyozaliwa na Neno

Nyota ninayokusudia kuizungumzia haikupata kuchomoza juu ya kichwa cha mtu yeyote aliye hai. Jina lake ni Eärendil, na mbingu zake ni zile za Dunia ya Kati, ulimwengu uliobuniwa na mwandishi J. R. R. Tolkien. Wengi humfahamu mwandishi huyu kwa The Lord of the Rings, riwaya iliyotoka kwa mafungu matatu katika miaka ya 1954 na 1955. Sisi wapenzi wa lugha tuna sababu ya ziada ya kumjua. Alikuwa bingwa wa lugha za kale aliyesomesha Oxford kwa miaka mingi, na nyota yake hii haikuanza kwa kisa wala kwa ramani. Ilianza kwa neno.

Akiwa mwanafunzi alisoma utenzi wa dini wa Kiingereza cha kale uitwao Crist, uliohifadhiwa katika muswada wa karne ya 10 unaojulikana kama Kitabu cha Exeter. Humo alikuta neno earendel, likitumika kuuita mng'aro fulani wa juu. Wataalamu walilifasili kwa namna zaidi ya moja: wengine waliona ni mwanga wa alfajiri, wengine nyota itanguliayo jua. Katika masimulizi ya watu wa kaskazini ya Ulaya kuna jina la ukoo mmoja na neno hilo, Aurvandil, la mtu ambaye kidole chake cha mguu kiliganda kwa baridi, kikakatwa na kurushwa mbinguni kikawa nyota. Basi palikuwapo jina lenye sauti tamu, palikuwapo fununu ya nyota, na kisa kizima kilikuwa kimekwisha kupotea.

Mwezi wa Septemba 1914, Tolkien akiwa na umri wa miaka 22 na Vita Kuu ikiwa na majuma machache tu tangu ianze, alikaa katika shamba la shangazi yake huko Gedling, karibu na Nottingham, akatunga shairi juu ya baharia mwenye jina hilo. Baharia huyo anang'oa nanga upande wa machweo, chombo chake kinapita ukingo wa dunia na kuingia mbinguni. Inasimuliwa kwamba rafiki yake mmoja, mshairi pia, alipomwuliza shairi hilo lahusu nini, alijibu kwamba hajui bado, ila atajaribu kupata kujua. Rafiki huyo alifariki Desemba 1916 kwa majeraha ya vita huko Ufaransa. Tolkien aliishi hadi 1973, na kazi ya kutafuta jibu la swali lile hakuiacha maisha yake yote.

Ndugu msomaji, wewe uliyepata kutunga hata ubeti mmoja unaijua hali hii. Kina hutangulia, maana ikafuata nyuma ikitweta. Neno linakujia usiku, huna la kufanya nalo, na bado halikuachi ulale. Tolkien alilipa neno lake makao. Katika Kikwenya, mojawapo ya lugha alizozibuni, alitengeneza mashina mawili ili jina lile lipate wazazi: eär, yaani bahari, na shina jingine lenye maana ya kupenda. Eärendil akawa Mpenda-bahari. Lugha ilijengwa kulizunguka jina, kama mji unavyojengwa kukizunguka kisima.

Kisa chenyewe, kilichochapishwa katika The Silmarillion mwaka 1977 baada ya kifo cha mwandishi, ni hiki kwa ufupi. Eärendil ni nusu mtu, nusu Elfi, na Waelfi ni taifa lisilokufa kwa uzee. Watu wa Dunia ya Kati wamekwisha kushindwa na Morgoth, adui wa viumbe wote, na hakuna tena jeshi la kutumainiwa. Eärendil anapanda chombo chake Vingilot kuwatafuta wenye enzi waishio ng'ambo ya bahari ya magharibi, mahali ambapo mwanadamu haruhusiwi kufika. Bahari inamkataa. Anapofika hatimaye ni kwa sababu Elwing, mkewe, amemletea kito cha Silmaril, chenye nuru iliyotangulia jua na mwezi. Anaomba rehema kwa niaba ya mataifa mawili, Waelfi na wanadamu, na anasikilizwa. Ila sharti ni kwamba hatarudi tena kukaa miongoni mwa wale aliowaombea. Chombo chake kinapandishwa mbinguni, naye anasafiri humo na kito kipajini pake, akionekana alfajiri na wakati wa machweo. Huko chini, watu walioiona nyota hiyo kwa mara ya kwanza hawakujua ni nani wala nini, lakini waliipa jina papo hapo: Gil-Estel, Nyota ya Tumaini Kuu.

Mtazama anga atatambua mara moja kwamba hii ni Zuhura, ambayo kwa hakika ni sayari. Haiendi mbali na jua, ndiyo maana huonekana kabla ya mapambazuko au baada ya magharibi, wala haionekani usiku wa manane. Mbunifu aliichukua tabia ya kitu cha kweli akaipa sababu ya kibinadamu: huyu ni msafiri anayetoka na kurudi.

Lililonivuta kuandika makala hii ni namna nyota hiyo inavyokaa katika maisha ya wale walio chini yake. Nyota ya kubuni ni rahisi kuitaja. Waandishi wengi huipachika mbinguni katika sura ya kwanza wakaisahau. Hii imeingia katika mambo ya kila siku. Wanadamu waliopewa kisiwa cha Númenor walielekeza merikebu zao kwake walipovuka bahari, na kisiwa kile wakakipa jina lenye maana ya kuielekea nyota. Mfalme wao wa kwanza, Elros, alikuwa mwana wa Eärendil. Vizazi vingi baadaye wafalme wa Arnor hawakuvaa taji. Walivaa kito cheupe kipajini, kama yule baharia. Ufalme ulipoanguka, wazao wao wakageuka walinzi wa mwituni wanaodharauliwa na wanavijiji wanaowalinda, na hata hapo walifunga majoho yao begani kwa kipini cha fedha chenye umbo la nyota. Mtoto mrithi wa ufalme huo alipofichwa asiuawe, aliitwa Estel, Tumaini, na kwa miaka mingi hakuambiwa jina lake la kweli ni Aragorn. Na Waelfi wanapokutana na rafiki njiani, salamu yao hutaja nyota inayoiangazia saa ya kukutana kwao.

Kuna nyumba moja ambamo nyota hii ni jambo la kifamilia. Elrond, mwenyeji wa bonde la Rivendell, ni mwana mwingine wa Eärendil. Bilbo, mhobiti mzee aliyekaribishwa humo, anathubutu kuimba utungo mrefu kuhusu baharia wa mbinguni mbele ya watu wa nyumba hiyo, na mwenzake anamwonya kwamba ni ujasiri wa kupindukia. Fikiri mgeni anayeketi barazani kwako na kughani habari za baba yako, ambaye hukumwona tangu utotoni ila kwa mbali, juu ya bahari. Kwa malenga, bahari ya utungo huo ina jambo la kuchunguza. Mwisho wa mstari mmoja hupatana kwa sauti na neno lililo ndani ya mstari ufuatao, kwa silabi tatu, na mistari miwili miwili hufungwa kwa kina cha mwisho. Sikio lililolelewa kwa vina vya kati na vya mwisho halioni ugeni hapo.

Mwaka jana nilianza kumsimulia binti yangu kisa hiki kwa Kiswahili, nikifasiri papo kwa papo. Ni mwanafunzi wa darasa la sita, na masikio yake hayasamehe. Usiku wa kwanza nilisema, "Nyota ikachomoza." Baadaye nikasema, "Eärendil akachomoza." Akanisimamisha: "Baba, ni mtu au ni kitu? Chagua moja."

Swali lake lilikuwa zito kuliko alivyodhani. Kiingereza chaweza kupita hapa bila jasho, kwa kuwa kitenzi chake hakibebi alama ya ngeli. Kiswahili hakikuachi upite. Kila kitenzi kinadai jibu: imechomoza au amechomoza, inang'aa au anang'aa. Lugha yetu yenyewe imekwisha kuzoea njia zote mbili. Nyota ya mtu ikififia, yafifia kwa ngeli ya vitu. Nyota wa soka akifunga bao, afunga kwa ngeli ya watu. Kiboko amelala, wala hatusemi kimelala, kwa maana uhai huvunja sheria ya umbo la neno. Basi mtu aliyegeuzwa nyota akabaki hai, na anaendesha chombo kila alfajiri, umsemeje?

Ami yangu alikuwa ameketi nasi kibarazani. Alikuwa nahodha wa jahazi enzi za ujana wake, akibeba chumvi na boriti, na sasa mtoto wa jicho amemfunika macho yote mawili kiasi kwamba hutofautisha mchana na usiku kwa joto la ukuta. Alisikiliza mabishano yetu, kisha akasema: "Mjukuu wangu, jahazi likiingia bandarini, watu wa pwani husema limeingia. Mke wa nahodha husema amekuja."

Nadhani sijasoma uhakiki wa Tolkien ulionifunulia mengi kuliko sentensi hizo mbili. Maana Elwing, kwa mujibu wa hadithi, alijengewa mnara mweupe upande wa kaskazini, kwenye ufuo wa bahari. Ndege wa baharini walimfundisha lugha yao na kuruka kwao, naye huruka kumlaki mumewe kila Vingilot inaporejea karibu na dunia. Huyo hawezi kusema imechomoza. Atasema amekuja. Elrond naye, nadhani, husema amechomoza, kwa sauti ya chini. Mabaharia wa Númenor waliosukuma usukani kuelekea mwanga ule wanaweza kusema inatuongoza, na mfalme wao, aliyemjua kama baba, akawasahihisha kimoyomoyo. Wakulima wa Shire husema inang'aa, wakafunga madirisha wakalala. Nyota ni ile ile moja. Ngeli ndiyo inayopima ni nani amesimama karibu nayo.

Tangu usiku ule nimefasiri kwa kanuni ya ami. Ugumu umebaki kwa mhobiti mmoja, Sam, mtunza bustani. Galadriel, malkia wa Waelfi, amempa Frodo, bwana wa Sam, kichupa chenye nuru ya Eärendil iliyonaswa katika maji ya chemchemi. Katika njia za giza za kuingilia Mordor, ndani ya pango la buibui mkubwa, Frodo anainua kichupa na kulitamka jina la nyota kwa lugha ya kale, bila kujua amesema nini. Baadaye Sam naye anapaza sauti kwa lugha ya Waelfi, lugha asiyoijua. Jina linafanya kazi kinywani mwa asiye na elimu yake.

Kabla ya hapo, kwenye ngazi za mawe, Sam anakumbuka hadithi za kale alizopenda utotoni, anafuata uzi wake kutoka mtu hadi mtu, kito kikipita mkono hadi mkono mpaka kwa Eärendil, kisha anashtuka: nuru hiyo hiyo iko mfukoni mwao. Wamo katika kisa kile kile, hakijaisha. Katika tafsiri yangu ya mdomo, Sam huanza hotuba hiyo kwa ngeli ya vitu. Anapofika mwisho wake, nimemruhusu ahame. Binti yangu aligundua, akatabasamu, wala hakunisimamisha.

Utauliza: haya yote kwa nyota ya uongo yana faida gani kwetu? Nianze na jambo la karibuni. Mwezi wa Machi 2022 wanajimu waliotumia darubini ya anga ya Hubble walitangaza kwamba wameona nyota ya mbali kuliko nyota yoyote moja iliyopata kuonekana, ambayo nuru yake ilisafiri miaka bilioni 12.9 hadi kutufikia. Waliipa jina Earendel. Neno lililoachwa na mshairi wa Kiingereza cha kale, likaokotwa na kijana wa miaka 22, limerudi mbinguni. Hakuna ambaye angelirudisha kama lingeachwa kwenye muswada.

La pili liko nyumbani. Ami yangu anapoagiza kitanda chake kigeuzwe, hasemi kaskazini. Husema jaa: "Nielekezeni kichwa jaa." Binti yangu alicheka aliposikia mara ya kwanza, kwa sababu kwake jaa ni pale tunapotupa taka. Lakini jaa la ami ni neno jingine, neno la mabaharia wa Bahari ya Hindi. Mabaharia wa Kiarabu waliita jaah nyota ya kaskazini, ile isiyohama usiku kucha, ambayo urefu wake juu ya upeo ulimwambia nahodha yuko wapi. Ahmad ibn Majid, bingwa wa urubani wa karne ya 15 kutoka Julfar katika Ghuba, aliandika elimu yake hiyo kwa nathari na kwa mashairi, mojawapo likieleza njia za kwenda Sofala kupitia pwani yetu. Elimu ya nyota ilihifadhiwa kwa vina, kwa sababu rubani gizani hawezi kufungua kitabu.

Sasa tazama ajabu yake. Sisi twakaa Tanga, kama digrii tano kusini ya ikweta. Nyota ya jaa haionekani hapa. Iko chini ya upeo, leo na kesho. Mabaharia wa pwani yetu waliliweka neno hilo kwa kuwa vyombo vyao vilipanda hadi Arabuni na kurudi kwa pepo za kusi na kaskazi, na huko juu nyota ilitokeza, ikapanda kila walivyokwenda. Waliporudi waliiacha nyuma, lakini jina lake wakaja nalo, likawa jina la upande mzima wa dunia. Mzee asiyeona, aliyelala katika mji ambamo nyota hiyo haichomozi, analaza kichwa chake kwa kuielekea. Baada ya hayo siwezi tena kuona Dunia ya Kati kuwa mbali sana.

Majina ya aina hii tunayo bado: suheli, ambayo ni nyota na pia ni kusini, matlai, upande na upepo wa mawio, Kilimia, kundi la nyota lililobeba kulima ndani ya jina lake. Kilimia kitaendelea kuchomoza tukikitaja tusikitaje. Litakaloondoka ni lile kundi la watu wanaoweza kusema kimechomoza, wakajua basi ni wakati wa kushika jembe. Namwandikia binti yangu majina haya katika daftari, na ami anayasema polepole, mara mbili mbili, kama anayetoa amri kwa mabaharia wapya.

Chini ya neno jaa, kwenye daftari hilo, nimeweka ubeti huu ili alikumbuke:

Nyota mimi sijaona, jina lake nalijua,
Ami alipolinena, tanga akaliinua,
Giza lilipotubana, neno likatuchukua,
Jaa, nyota ya maana, ulimini yachanua.

Nilimsomea ami. Akaniuliza kwa nini katika mshororo wa mwisho nimesema yachanua, si achanua. Nilimjibu kwamba mimi ni mtu wa pwani tu, sijawahi kusafiri hadi huko inakoonekana. Alifikiri kidogo, akasema yeye amefika, kwa hiyo daftarini iandikwe kwa namna zote mbili.